Blanketi la Samaki

Mjukuu wangu Kulwa,

Shikamoo yako imefika, marahaba. Hapa Butimba hatujambo, na ng'ombe wa mjomba wako amezaa ndama jike. Unasema chuoni wamewafundisha kwamba blanketi halina joto lake, linazuia tu joto lisipite. Unaniuliza kama naelewa. Sielewi, baba.

Nilipoolewa, babu yako aliwapelekea wakwe zake sato kule Geita. Akapanga samaki na barafu kwenye tenga, akafunika kwa blanketi letu la harusi. Nikamfokea pale kivukoni Busisi: "Utawafikishia wazazi wangu samaki walioiva!" Akacheka tu. Tulipofika, mama akafunua, akakuta barafu bado ipo.

Tuliporudi nyumbani tukajifunika blanketi lile lile, linanuka shombo, na tukapata joto vizuri. Nikachanganyikiwa. Linatunza baridi, au linatia joto?

Tangu tumzike babu yako, bado najifunika hilo hilo, na nasikia baridi. Nilidhani limechakaa. Sasa wewe unaniambia halijawahi kuwa na joto.

Basi, Kulwa, miaka yote ile joto lilikuwa la nani?

Bibi yako