Mwandiko wa Pambizoni

Pisa, 4 Oktoba 1987

Dada Ortensia,

Salamu nyingi baada ya ukimya mrefu. Natumaini moyo unakwenda vizuri na ngazi za nyumba yako huko Montevideo hazijakushinda. Mimi mzima, ila goti la kushoto siku hizi linatabiri mvua kuliko redio.

Huu ni mwaka wangu wa mwisho kazini. Maktaba inachapisha orodha ya vitabu vyake vya kale, na mchapaji anataka kurasa zote kabla ya Novemba kwisha. Kile kitabu cha mashairi kilichotoka nyumba ya Lattanzio, Firenze, nacho kimo. Wajukuu wa ukoo walitupatia mwaka 1971, lakini kwanza walimpelekea fundi akijalidi upya, naye akazipunguza kingo kwa kisu ili kurasa zilingane. Yale maandishi ya mkono ya pambizoni, tarehe zake zote zimekwenda na kisu, pamoja na nusu ya maneno. Ni wewe peke yako uliyeyanakili yakiwa mazima, mwaka 1958. Daftari bado unalo? Naomba maneno kamili ya yale ya mwezi Mei.

Mdogo wako,
Milvia

Montevideo, 23 Oktoba 1987

Mdogo wangu,

Salamu zimefika. Moyo upo, ngazi zipo, nami nipo. Tangu mazishi ya mama ni miaka kumi na tisa, hukuniandikia hata kadi. Leo unaandika kwa kuwa fundi alikuwa na kisu kikali.

Daftari ninalo. Nakala hii hapa: “9 Mei 1561. Tumesoma dirishani, wawili, mpaka mwanga ukaisha. Shairi hili ni la uongo. Hakuna mwanamke anayesubiri kimya namna hii.”

Nilisema, na bado nasema: huyo ni Ginevra Bocchetti, aliyeolewa na Lattanzio, akabishana na washairi pembeni mwa kurasa zao kwa sababu hakuna aliyemwuliza maoni yake. Kisha ikatoka makala yako. Ginevra alizikwa Firenze Novemba 1560, ukasema, basi aliyeandika ni mumewe. Unamkumbuka Profesa wetu mbele ya ukumbi mzima? “Bibi Ortensia, marehemu wako ana bidii kweli, anasoma hata kaburini!” Watu wakaangua kicheko. Nikatazama safu ya pili. Nawe ulikuwa unacheka.

Mwaka uliofuata nikapanda meli. Sasa niambie, unaitakia nini Mei yangu?

Dada yako,
Ortensia

Pisa, 5 Novemba 1987

Dada,

Nakuamkia kwa heshima, na nashukuru moyo unakwenda. Kweli nilicheka. Nilitaka kazi, na Profesa ndiye aliyekuwa akizigawa. Sina pambo la kuweka hapo.

Nilikuficha jambo. Mwezi Agosti nilifungua furushi la barua za baba yake Ginevra. Anamwandikia mkwewe: “Ginevra atajifungulia kwetu Pisa. Tangu Pasaka anasoma na mdogo wake Filippa, hawashuki hata kula.” Juu ameandika mwaka mara mbili: “1561 kwa hesabu yetu, 1560 kwa hesabu yenu.”

Umeona? Zamani zile hesabu ya Pisa ilitangulia ya Firenze kwa mwaka mzima. Mei ambayo wao waliiita ya 1560, sisi tuliiita ya 1561. Ginevra alikuwa hai, yuko hapa, mtaa wa tatu kutoka ninapokaa! Hesabu hiyo nimeifundisha miaka ishirini. Lakini kitabu kilitoka nyumba ya Firenze, basi mimi nawe tukakisoma kwa macho ya Firenze. Wapisa wawili wakausahau mwaka wa kwao.

Nimemweleza mkurugenzi. Akaniambia, “Milvia, Profesa ana miaka tisini. Unataka kumuua kwa tanbihi?” Ananiruhusu kuandika “labda Ginevra”, basi. Nikishikilia zaidi, kazi atampa mwingine. Naogopa, dada. Je, “labda” itakutosha?

Mdogo wako,
Milvia

Montevideo, 16 Novemba 1987

Mdogo wangu,

Natumaini goti limepoa. Mimi sijatulia. Siku mbili nimezunguka meza hii mpaka jirani wa chini akagonga dari kwa ufagio. Nimeshinda, baada ya miaka ishirini na tisa, na furaha yake ilidumu muda wa kuchemsha maji.

Katika daftari kuna nakala ambayo sikuichapisha. Isome: “20 Agosti 1562. Nimesoma bila mtu wa kubishana naye. Dirisha ni lile lile.” Mwandiko ni ule ule, Milvia, nilihakikisha kwa lenzi. Kwa hesabu ya Pisa hiyo ni Agosti ya 1561, na Ginevra yuko kaburini miezi tisa.

Makala yako ilipotoka niliificha, kwa sababu ilizidi kuniharibia Ginevra wangu. Wewe ulinivunja kwa tarehe moja, kumbe mimi mwenyewe nilikuwa nimekalia ya pili. Miaka yote hii nimejiita mtu aliyedhulumiwa, na watu wa huku wameniamini.

Sasa jiulize nani alikuwepo dirishani miaka yote miwili. Ni yule mdogo. Hatujui kama aliolewa, hatujui alizikwa wapi. Ilikuwa rahisi zaidi kumwona bibi wa Firenze mwenye jina.

Basi “labda Ginevra” hainitoshi, na “Ginevra” bila labda nayo ni uongo. Andika Filippa. Andika pia kwamba nilificha ukurasa. Ukishindwa kabisa, andika “hajulikani”, ila usimpe Lattanzio. Tena kuna maandishi yasiyo na tarehe, upande wa ndani wa kurasa, penye mshono. Wenye kitabu walinipa alasiri mbili tu, nami nilikuwa nawinda tarehe, sikuyagusa. Yatazame. Kisu hakifiki huko.

Dada yako,
Ortensia

Simu ya maandishi, Montevideo, 2 Desemba 1987

NOVEMBA IMEKWISHA. UMEANDIKA NINI. DADA

Simu ya maandishi, Montevideo, 11 Desemba 1987

HATA TUSI LINATOSHA. JIBU. DADA

Pisa, 18 Desemba 1987

Dada,

Mimi mzima, nawe natumaini jirani amekurudishia amani. Simu zote mbili nimezipata. Mtu wa posta ananiuliza mgonjwa wetu anaendeleaje. Sikujibu kwa kuwa kurasa zilikuwa bado mezani kwangu.

Tarehe thelathini sikupeleka kurasa. Mkurugenzi akaja mezani kwangu. “Milvia, yote haya kwa ajili ya msichana aliyekufa miaka mia nne iliyopita?” Nikamwambia, “Yeye hana haraka. Wewe ya nini?” Alikwenda zake bila kuaga, na kesho yake akanitumia neno: mpaka tarehe kumi na nane, na hakuna msaidizi.

Nimeufungua mshono polepole kwa kipande cha mfupa, ukurasa baada ya ukurasa. Ulisema kweli, kisu hakikufika. Kuna maandishi arobaini na moja, hakuna hata moja lenye tarehe. Kitabu kimekaa hatua kumi kutoka kiti changu kwa miaka kumi na sita, na sikuwahi kukichungulia huko, kwa sababu nilishajua jibu.

Leo asubuhi mchapaji amechukua kurasa. Imeandikwa: Filippa Bocchetti wa Pisa. Chini yake kosa langu la 1958, kwa jina langu, kisha ukurasa uliouficha, kwa jina lako, kama ulivyotaka. Jina lako nililiandika mwisho, baada ya mengine yote. Mkurugenzi amekataa kutia sahihi, lakini hakufuta. Profesa amepelekewa nakala.

Hakuna “labda”, na sikuiondoa kwa ushujaa. Ni ukurasa wa kumi na mbili ulioiondoa. Niliusoma kwa sauti, mlinzi akaja mbio akidhani nimeanguka. Filippa ameandika, kwa mwandiko ule ule:

“Ginevra anasema shairi hili sikulielewa. Nimelielewa.”

Mdogo wako,
Milvia