Kwa Wagdi Mahrus: Neno la Baba Ambalo Hukuliamini

Mwaka umetimia, Wagdi, tangu Alhamisi ile tulipokutoa nyumbani kwako Manyal, na mpaka leo mtu akija kunipa pole namtazama usoni nione kama anasema kweli. Ndivyo tulivyolelewa. Watu wengine wakifiwa hulia tu. Sisi tulilia huku tunaangalia jirani analia vipi.

Karani wa matangazo hapa gazetini ameniambia watu huandika mistari mitano: jina, aya, picha, majina ya ndugu, basi. Nimemjibu kwamba nina neno la kumfikishia ndugu yangu na haliwezi kuenea kwenye mistari mitano. Ni neno la baba kuhusu wewe. Ulilingoja maisha yako yote, nikakuletea nikiwa nimechelewa mno, na hukuliamini. Ndiyo maana leo naliandika mbele za watu.

Waliokujua kwa filamu na tamthilia za Ramadhani wanadhani ulikuwa mtu mkali, maana walikuzoea ukiwa mpelelezi, au baba mkwe mkorofi, au mwenye nyumba asiye na huruma. Kuna mama mmoja pale sokoni Sayyida Zaynab alikataa kukuuzia bamia kwa sababu jana yake, watu wakiwa wametoka kufuturu, alikuona ukimfukuza mjane na wanawe. Ulimwomba radhi kwa adabu zote. Ulimwambia avute subira, mjane atarudi kwenye kipindi cha ishirini na tano, naye akakujibu basi na bamia utazipata kipindi hicho hicho. Ukaenda zako mikono mitupu, unacheka njia nzima.

Hukuwa mkali hata chembe. Ulikuwa mtu wa kumfungia vifungo vya koti mzee usiyemjua ndani ya lifti. Siku za kurekodi ulifika saa nzima kabla ya wenzako ukanywa chai na mafundi wa taa, na ulijua nani mtoto wake ana mtihani na nani mkewe amejifungua. Suhair, mkeo, alikuwa akilalamika kwamba mambo ya mafundi wa taa unayajua kuliko ya jikoni kwake. Alikuwa anasema kweli, na hukubisha.

Baba yetu, Tawfiq Mahrus, alikuwa na kundi lake la maigizo Mtaa wa Imad al-Din, enzi ambazo watu waligombania viti. Mama yetu Bahiga alikuwa mwimbaji wa kundi hilo. Mimi nilipandishwa jukwaani nikiwa na miaka saba. Wewe ulipandishwa ukiwa na miezi minne, umefungwa kwenye shali, ukacheza mtoto wa kuokotwa, na mama alituhadithia kwamba baba alinung'unika wiki nzima eti umelia kabla ya zamu yako.

Nyumba yetu ilikuwa na sharti moja, na wasomaji wasipolijua hawatanielewa. Hakuna aliyeruhusiwa kumwambia mwigizaji alichofanya vizuri. Baba aliamini kwamba ukimsifu mtu kicheko chake, kesho atacheka ili ajisikie mwenyewe, na kicheko kitakuwa kimekufa. Kwa hiyo makosa tu ndiyo yaliyosemwa. Tulikula mchuzi wa molokhia na makosa, kila usiku baada ya onyesho, na aliyeachwa bila kosa alilala na raha yake bila kuuliza kitu. Tulizoea. Tukaona ndiyo mapenzi yenyewe, na kwa kiasi fulani yalikuwa ni mapenzi kweli.

Kisha ukumbi ukaanza kupwaya. Watu walihamia sinema, na baba akazichukia sinema kama mtu anavyomchukia jirani aliyemchukulia wateja. Aliziita vivuli. Ulipomwambia, una miaka kumi na tisa, kwamba umepata kazi huko, hakukufukuza wala hakupandisha sauti. Alikuambia, "Nenda, mwanangu. Lakini mimi usije ukaniuliza kitu kuhusu vivuli." Akaendelea kumenya chungwa lake.

Hukumwuliza. Lakini kila filamu yako ilipotoka uliacha tiketi mbili juu ya redio, na kila mara baba alizichukua akampa Zanati, mpiga pasi wa ng'ambo ya mtaa. Zanati alienda na mkewe, akarudi na maoni. Nawe ukawa unampelekea shati lisilo na kunjo hata moja ili usimame pale mlangoni kwake umsikie akichambua, pasi mkononi. Nilikuona kutoka roshani, Wagdi. Ulikuwa mtu mzima, picha yako imebandikwa kwenye mabango barabarani, unasubiri mpiga pasi akuambie alichosema mkewe. Nilikuonea huruma, na sikushuka.

Sasa ndilo jambo lenyewe.

Ilipotoka ile filamu uliyocheza mlinzi wa kivuko cha reli, baba alimpa Zanati tiketi kama kawaida. Jumatatu iliyofuata akaniambia nivae tunatoka. Hakusema wapi. Tulipanda tramu mpaka Shubra, mahali ambapo hakuna aliyemjua, akavaa miwani ya giza tangu njiani, akanunua tiketi mbili za onyesho la mchana. Ukumbi ulijaa watu wa karakana na wanawake na watoto wao, wote wanatafuna mbegu za tikiti, kelele tupu, ganda moja baada ya jingine.

Ukafika pale ambapo treni imeshapita na umeambiwa nani alikuwa kwenye gari lililogongwa. Umesimama. Hulii, husemi, unaangalia reli tu. Nikamgeukia baba nimwone, nikamkuta amefumba macho. Nilidhani amelala, nikaona aibu kwa niaba yako. Akanishika mkono akasema kwa sauti ya chini, "Sikiliza." Nikasikiliza. Ukumbi mzima ulikuwa umeacha kutafuna mbegu. Watu mia nne, na husikii ganda moja.

Tulipotoka alitembea mpaka kituo cha tramu. Ndipo akasema, na maneno haya nayanukuu kama yalivyotoka kinywani mwake: "Huyu anajua kunyamaza. Mimi miaka arobaini nimepiga kelele pale juu kwa sababu niliogopa wataondoka. Amenipita, Inayat. Amenipita mbali."

Akapenga kamasi. Akaongeza kwamba mkono wa kushoto bado hujui pa kuuweka. Kisha akanilisha yamini. Nisikwambie, leo wala kesho, kwa kuwa nikikwambia utaanza kunyamaza ili uonekane unanyamaza, na hapo utakuwa umekwisha.

Niliapa. Lakini nisiwadanganye wanaosoma, maana hapa pana jambo langu pia. Nilikuwa na miaka thelathini. Nilikuwa jukwaani miaka ishirini na mitatu, nimecheza na homa, nimecheza siku mama anazikwa kwa sababu baba alisema onyesho haliahirishwi. Na mimi ni mtoto wake. Nilikaa ubavuni mwake kwenye tramu ile kutoka Shubra mpaka nyumbani, nikingoja kama litatoka hata neno dogo juu yangu. Halikutoka. Wivu ulinila, Wagdi. Kiapo kilikuwa cha baba, ila raha ya kukitunza ilikuwa yangu.

Baba alipofariki, siku ya tatu ya matanga, wanaume walipokuwa wanatawanyika kwenye hema pale chini, ulinikuta kwenye ngazi nimebeba sinia la vikombe vya kahawa. Ukanipokea sinia. Ukaniuliza bila kuniangalia, "Dada, hivi baba aliwahi kusema lolote juu yangu? Lolote lile."

Neno lilikuwa mdomoni. Aliyeniapisha alikuwa ameshazikwa, na wewe ulikuwa na miaka zaidi ya thelathini, hungeharibika tena. Nikakujibu, "Alisema mkono wako wa kushoto hujui pa kuuweka."

Ukacheka. Ukashukuru, tena kwa dhati, kwa sababu ulijua kwamba kusema kosa lako maana yake alikuona mahali fulani. Ukashuka na sinia. Tangu siku hiyo ulitia mkono wa kushoto mfukoni katika kila filamu, mpaka wachambuzi wa magazeti wakaanza kuusifu mkono huo mfukoni na vijana wakakuiga mitaani. Nikawa nikikuona kwenye skrini na mkono wako umeufukia mle, nageuza uso. Nilijua nani aliyeutia.

Miaka ikapita, mingi. Ulipewa tuzo, tukaja kukwambia suti ilikubana. Lamis alizaliwa, akakua, naye akaingia kazi hii hii. Tulifuturu pamoja kila Ijumaa ya Ramadhani. Kila mara nilijiambia leo nitamwambia, na kila mara kulikuwa na watu, au ulikuwa umechoka, au mimi nilijitia hamnazo. Uongo mtupu. Nafasi zilikuwepo.

Mpaka ukaugua, na daktari akaacha kuzungumza habari za mwezi ujao.

Nilikuja Jumanne mchana. Suhair alikuwa amejilaza chumba cha pili, Lamis yuko jikoni anakatakata mapera. Nikavuta kiti, nikapiga moyo konde, nikakwambia yote: miwani ya giza, tramu, mbegu za tikiti, macho yaliyofumbwa, kituo cha tramu. Na hapo ndipo nilipokosea, na kosa hili nadhani lingefanywa na nyumba yetu peke yake. Nilikuhadithia kwa namna sisi tunavyohadithia. Nilifumba macho kama alivyofumba. Nilikushika mkono nikasema "Sikiliza" kwa sauti yake, ile nzito ya puani, nikanyamaza nikakuachia nafasi. Nilipofika kwenye "Amenipita" machozi yalinitoka yenyewe, tena mahali pake hasa. Sijui kusema jambo kwa njia nyingine. Hakuna aliyenifundisha.

Ulisikiliza mpaka mwisho, macho juu. Halafu ukatabasamu kwa upole ambao sijawahi kuuona kwako, ukasema, "Dada, umecheza vizuri sana. Miaka yote sijakuona ukicheza hivi."

Nikasema, "Wallahi siigizi."

"Hata hiyo Wallahi umeiweka mahali pake." Ukauvuta mkono wangu ukaubusu. "Ahsante kwa kunitungia. Usirudie, utaharibu."

Ningefanya nini? Nilirudia. Niliapa kwa roho ya mama, nikapandisha sauti, na kadiri nilivyopandisha ndivyo nilivyozidi kuonekana mwigizaji anayelazimisha. Nawe ulinitazama kwa huruma, kama unavyomtazama mwenzako aliyepitiliza mahali pa kuacha. Ukafumba macho ukasinzia. Alhamisi hatukuwa nawe tena.

Maisha yangu yote nilitamani mtu wa nyumba yetu aniambie nimecheza vizuri. Uliponiambia wewe, ilikuwa siku pekee ambayo sikuwa nacheza.

Jikoni, Lamis alikuwa amesikia. Ameshika kisu, mapera yamelala ubaoni. Akaniuliza, "Shangazi, ni kweli?" Nikamwambia ni kweli. Akanitazama usoni muda mrefu, akitafuta, jinsi tunavyotazamana sisi. Kisha akasema, "Sijui, shangazi. Natamani, lakini sijui." Mpaka leo hajui. Suhair naye ananiambia nimefanya jambo jema kumliwaza mgonjwa. Zanati amekufa, na hakujua kitu. Wa Shubra ile nimebaki peke yangu, na nimekuwa shahidi ambaye kila mtu anamsifu na hakuna anayemwamini.

Basi nimekuja gazetini. Hapa sina sauti, sina machozi, sina macho ya kufumba wala mkono wa kumshika mtu. Karani amesema herufi zote zitakuwa za ukubwa mmoja, hata za neno la baba. Nimemwambia ndivyo ninavyotaka. Msomaji hanioni, kwa hiyo hawezi kusema bibi huyu anaigiza. Na kama huko uliko husomewa yanayoandikwa huku, usomewe hivi hivi, bila mtu kuigiza sauti ya yeyote.

Nisamehe kwa ngazi ile na sinia lile. Nisamehe kwa mkono mfukoni. Lamis alipomaliza tamthilia yake ya kwanza mwaka huu nilimpigia simu nikamwambia kipi amekifanya vizuri na kwa nini, nikavunja sharti la baba mchana kweupe. Akaniuliza kama naumwa.

Tunaokukumbuka ni mimi dada yako Inayat, mkeo Suhair, binti yako Lamis, pamoja na mafundi wa taa wote, ambao wameniomba wasiorodheshwe kwa majina kwa kuwa wewe ulikuwa ukiyajua. Fatiha yako itasomwa Ijumaa baada ya sala ya alasiri, nyumbani Manyal, na kahawa itakuwepo. Hutatutoka moyoni siku zote tulizobakiziwa.

Baba alikwenda Shubra kukutazama, Wagdi. Nilikuwa nimekaa kiti cha pili.