Posa ya Shamim na Sinema ya Tufail

Lango la Bhati,
Lahore.
11 Novemba 1956

Mpendwa dada Kaniz,

Assalaam alaykum. Hujambo huko Dhaka? Shemeji na watoto je, na kile kifua chako? Sisi tu wazima, ila wiki hii roho zilikuwa juu.

Unajua ndugu yetu Tufail alivyohangaika na sinema. Miaka yote hiyo amekuwa akiigiza askari wa mlangoni, au maiti. Safari hii wakampa sehemu yenye jina: mwana anayempiga mama yake. Picha ikapendwa mji mzima, na yeye akachukiwa mji mzima. Muuza nyama alimfukuza dukani: “Nenda kanunue kwa mashetani wenzako!” Watoto wakamrushia mawe.

Basi Ijumaa wakaja wakwe watarajiwa kukamilisha posa ya binti yangu Shamim. Bibi yake bwana harusi, Sardar Begum, alipomwona Tufail akileta chai, akasukuma kikombe.

“Mkono uliompiga mama hauninyweshi chai. Aape sasa hivi kwamba anaacha sinema, ama tunaondoka.”

Shamim alikuwa nyuma ya pazia, nasikia bangili zake zikigongana. Tufail akamtazama mume wangu, akanitazama mimi. Akapiga magoti aape.

Mama akasimama.

“Inuka, Tufail. Bibi, mama yake ni mimi, niulize mimi. Nilipougua homa ya matumbo, huyu ndiye aliyenilisha na kunifulia, wakati wengine wanaogopa hata kuingia chumbani. Kama amekufanya mtu mzima kama wewe uamini kwamba ananipiga, basi kazi yake anaijua. Hataapa.”

Baba yake bwana harusi alikwishachukua kofia yake. Nikajua posa imevunjika.

Sardar Begum akamkazia macho Tufail. “Yule mama wa kwenye picha, aliumia?”

“Hapana, bibi. Sikumgusa. Kila tukimaliza ananicheka, ati nina mikono ya mpika maandazi.”

“Mimi nililia mpaka nikashindwa kula, mlaanifu wewe!” Akakivuta kikombe, akanywa. “Imepoa. Lete nyingine.”

Harusi ni baada ya Idi, inshallah, nawe usikose. Tufail ameitwa tena studio, na tena ni mtu mwovu. Amekubali. Muuza nyama bado hamuuzii, kwa hiyo nyama naenda kununua mimi. Mama, ambaye hajawahi kukanyaga ukumbi wa sinema, amesema picha hii mpya atakwenda kuitazama, na atakaa mbele.

Msalimie sana shemeji Latif, umbusu Munni, na mama mkwe wako umpe salamu zangu za heshima. Mungu akuondolee kikohozi na atukutanishe tukiwa na afya.

Mdogo wako akupendaye siku zote,
Naseera