Jina la Kashindi Kwenye Liste

Anderlecht, Bruxelles

Papa mpendwa,

Mimi kifungua mimba wako nakusalimu kwa heshima zote. Goti linasemaje? Ile dawa ya kupaka niliyomkabidhi mama mchungaji imekufikia Kalemie, au bado inatembea Lubumbashi? Na mama, bado anakuficha chumvi? Asiache. Sisi huku ni wazima. Mgongo unaninung'unikia kidogo kwa sababu ya kusukuma vitanda vya wagonjwa kutwa nzima hospitalini kule Jette, lakini ukinyamaza nitajua nimefukuzwa kazi.

Papa, naingia moja kwa moja. Ni miezi miwili hushiki simu ya Riziki. Tangu wamama wa kwaya wakuambie kwamba binti yako "ameingia siasa kwa Wazungu", umemfungia mlango. Nilipokupigia mimi kumwombea, ulinijibu neno moja tu, "Nitaona," ukakata. Mimi ni mtoto wako, maana yake naijua. Kwetu "nitaona" ni hapana iliyovaa suti. Ndiyo sababu nimechukua karatasi, kwa kuwa barua huwezi kuikata katikati ya sentensi.

Na kisa cha hasira yako nakijua pia. Watoto wako wote tumekua na amri moja, kwamba jina la mtu wa nyumba hii lisiandikwe tena kwenye liste yoyote. Kule Uvira jina lako liliandikwa kwenye liste ya watu wa kukamatwa, likasomwa kwa sauti barabarani, na siku ile ile tukakimbia, mama akiwa na Riziki mgongoni na sufuria ya maharage mkononi, bado ya moto. Sijasahau. Lakini sasa nimekwenda mwenyewe mpaka Norvège, kaskazini ya Ulaya, nimekaa juma zima kwa Riziki, nimeona kwa macho yangu haya mawili. Nakuomba unisome mpaka mwisho.

Nianze na mahali penyewe. Ukishuka kwenye ndege unapanda treni, kisha basi, kisha basi jingine dogo ambalo dereva wake alimuuliza Riziki kama mimi ndiye yule yaya wake, kaka wa Bruxelles. Ni bonde refu lenye mto katikati, msitu huku na huku, kondoo, kiwanda cha mbao, duka moja na kanisa moja. Wakaaji wake wote ukiwakusanya hawajazi kiwanja cha mpira cha Kalemie. Lakini ni commune kamili, Papa! Nao wanaiita "kommune", neno letu lile lile, wamechezea herufi tu. Ina baraza la watu kumi na saba, wachunga kondoo, walimu, dereva wa lori, na sasa binti yako. Hata mgeni asiye na pasipoti yao, akishakaa nchini miaka mitatu, anaruhusiwa kuchagua na kuchaguliwa. Hiyo commune ndiyo inayoangalia shule, maji, barabara ndogo, theluji ya kuondoa, na nyumba ya wazee anakofanya kazi Riziki.

Wewe uliyegonga mihuri ya commune miaka yote ile ungecheka sana. Bourgmestre wao, mkuu wa commune, ni mama wa makamo, hana mlinzi wala dereva. Asubuhi ya kwanza nilimkuta anaondoa theluji mlangoni pa ofisi kwa koleo. Nikadhani ni mfagizi, nikampa mkono huku kofia iko kichwani.

"Yaya, vula kofia!" Riziki akanisukuma mgongoni. "Ule njo bourgmestre!"

Mama yule alicheka, akaniletea koleo la pili. Basi nimefagia theluji bega kwa bega na bourgmestre, mwambie na shangazi. Hapa Anderlecht hata karani wa dirishani humuoni mpaka ukate tiketi na usubiri njaa ikuume.

Sasa nikueleze jinsi Riziki alivyoingia, maana wamama wa kwaya wamekuletea mchuzi bila nyama. Yuko mwalimu mstaafu anaitwa Solveig. Mama yake alizeekea mikononi mwa Riziki, akafia mikononi mwake. Siku moja Solveig akamfuata kazini, akamwomba akubali jina lake liwekwe kwenye liste ya wagombea wa wanabonde, wasio na chama chochote kikubwa. Riziki akakumbuka amri yako. Akataka kukataa, lakini mtu mzima utamkatalia vipi usoni? Akajibu kama ulivyomlea. Akatabasamu, akasema kwa lugha yao, "Nitaona."

Papa, kule "nitaona" ni karibu na ndiyo! Asiyetaka anasema hapana, na kahawa inaendelea kunywewa, hakuna anayenuna. Solveig akarudi nyumbani na furaha yake. Baadaye commune ikaandika barua kwamba kama hutaki jina lako liwemo, tujulishe. Nilipomuuliza Riziki kwa nini hakujibu, alinikasirikia mimi.

"Yaya, mi nilishasemaka nitaona! Bon, muntu anakatalaka mara ngapi?"

Barua akaiweka juu ya friji, na jina likabaki kwenye liste, la pili kutoka chini, mahali pa kujazia karatasi tu. Kumbe huko mpiga kura anaweza kutia alama mbele ya jina la mtu anayempenda, na jina hilo likapanda. Na Riziki unamjua, anasalimia. Wale ni watu wa kusimama kituoni wakiangalia mlima, kila mtu na kimya chake. Yeye miaka sita anawauliza mmoja mmoja, umeamkaje, mama hajambo, yule kondoo aliyezaa vibaya amepona? Mwanzoni walidhani anauza kitu. Walipozoea, siku asipowauliza wanajiuliza wamemkosea nini. Siku ya kura wakatia alama. Alipopigiwa simu kwamba amechaguliwa, alilia, na hakulia kwa furaha. Alilia kwa ajili yako. Na sheria yao haikuruhusu kujitoa hivi hivi tu.

Mimi niliingia barazani siku ya Jumatano mchana, nikaketi nyuma na Solveig, akinitafsiria kwa Kifaransa chake cha shule. Shauri la siku hiyo lilikuwa kulifunga jiko la nyumba ya wazee, chakula kiwe kinaletwa na lori kutoka mjini, kimepoa, kipashwe tu. Wakasema, wakabishana polepole, kila mmoja akisubiri zamu yake. Kisha Riziki akaomba neno. Jioni tukila alinirudilia maneno yake kwa lugha yetu, nami nakuandikia kama alivyoyasema.

"Niliwaambia hivi, muzee hakulake na kinywa tu, anakulaka na pua. Kwetu pale iko mama mumoja amesahau hata jina ya mutoto wake. Lakini viazi vikianza kutokota, anasema, saa sita imefika, munipeleke ku meza. Alors, mukifunga jiko, nani atamuonyesha saa?"

Mchunga kondoo mmoja mwenye ndevu, ambaye alikuwa amelipinga jiko tangu mwanzo, aliikunja karatasi ya hoja zake. Walipopiga kura, tisa walitaka jiko libaki, wanane walikataa. Mwenye ndevu alikuwa wa tisa. Nikasimama nikapiga makofi, peke yangu, ukumbi mzima! Kumbe wasikilizaji hawaruhusiwi. Bourgmestre akagonga nyundo yake ndogo kunionya, na huku anacheka. Baada ya hapo ilikuja keki na kahawa, na yule mwenye ndevu akanijia na Kifaransa cha maneno mawili, "Bonne soeur." Nadhani alitaka kusema nina dada mzuri. Nilimshukuru, sikumwambia amemfanya mtawa.

Papa, liko jambo moja nimelibakiza.

Kabla ya yote hayo, kabla ya jiko na viazi, kikao kilifunguliwa kwa kuita majina. Karani alisimama na karatasi mkononi. Liste. Akaanza kusoma kwa sauti, mmoja baada ya mwingine. Mimi mtu mzima, baba wa watoto, macho yangu yalikuwa yameshautafuta mlango ulipo. Akafika.

"Riziki Kashindi."

Jina lako, Papa, mbele ya watu wote. Riziki akasema, "Nipo." Karani akaweka alama, akaendelea na jina linalofuata. Ni hivyo tu. Nikalia pale pale nilipokaa. Solveig alidhani naumwa, akanipa kitambaa chake.

Umsalimie mama, mwambie sufuria yake nimeisimulia hadi Norvège. Umsalimie shangazi Zawadi na samaki zake ndagala sokoni, baba mdogo Pierre mwimba besi, na jirani yetu fundi saa, ambaye bado ana saa yangu tangu niondoke. Na wale wamama wa kwaya wasalimie pia. Bila wao nisingepanda basi lile dogo.

Jumapili mkitoka ibadani Riziki atakupigia. Yeye hakuniomba nikuandikie. Aliniuliza tu, nikiwa nafunga mzigo, kama goti lako limepona, akageuka haraka kuosha vyombo vilivyokuwa visafi. Papa, nakusihi kwa magoti mawili mazima, usiniambie utaona. Shika simu.

Barua zangu zote huwa naziandikia jina moja tu chini, unajua kwa nini. Hii nimeiandikia yote mawili.

Mwanao,
Bahati Kashindi