Tarumbeta Kwenye Kanda ya Msiba

Baba,

Shikamoo. Tafadhali usiitike. Nisikilize tu.

Nina kosa la kukueleza. Siku ya kukuzika, Dada Edita alikuwa bado Bukoba, meli ilimwacha. Kaka akasema tumrekodie ibada. Sikuwa na kanda tupu, nikachukua moja sandukuni mwako, haikuandikwa kitu. Nikaziba kwa karatasi vile vitundu vinavyozuia kanda isifutwe, nikabonyeza kurekodi. Kumbe ilikuwa na wimbo wa bendi yenu, "Nifungulieni". Nakala pekee iliyobaki, nami nimeifuta kwa mazishi yako mwenyewe.

Ulivyoupenda wimbo ule! Mliutoa kwenye santuri ya dansi ya Kizungu, dukani kwa Mhindi aliyewashonea suti za bendi. Santuri haikuwa na maneno, ninyi mkautilia Kiswahili: mtu ameshuka boti ya mwisho, anabisha kwake. Mkaurekodi ukumbini Nansio kwa maikrofoni moja. Tarumbeta lako likawafunika wenzako, wakakusimamisha nje ya mlango. Mzee Magesa na gitaa lake akakutania, "Rudi nyuma zaidi, hadi Mwanza!" Wimbo ulipoanza kunoga, utepe ukaisha. Mkaenda kuurudia Dar, fundi akakata palepale kwa sababu wimbo ulizidi dakika zake.

"Vero, hakuna aliyewahi kunisikia nikimaliza," uliniambia, ukifuta tarumbeta kwa leso ya Mama.

Nilipoisikiliza kanda kabla ya kuituma Bukoba, nikasikia tarumbeta nyuma ya sala na vilio. Lilikuwa mbali, kama liko nje. Nikajiambia ni mabaki tu, redio yetu imezeeka, haifuti vizuri. Nikamwita Mzee Magesa. Alisikiliza, mikono magotini. Tukafika pale ulipokatwa siku zile. Tarumbeta halikukatika, Baba. Likaendelea. Mzee akainuka, akachukua kofia.

"Hiki hatukukirekodi, mwanangu," akasema. Chai yake aliiacha.

Na linasogea, tena kila tukiicheza kanda linapiga mbele kidogo kuliko jana. Wiki ya kwanza lilikuwa nje, sasa liko sebuleni pamoja na waombolezaji. Katekista anasikika kwa shida. Kanda sikuituma.

Mama amekutambua. Hizi redio mpya za watu binafsi zinapiga vinanda vya umeme kutwa nzima, yeye hazitaki. Anaweka kanda hiyo tu. Hali chakula. Amekonda hadi pete yake inachomoka kidoleni. Juzi saa nane mchana, mtaa wote wa Kirumba kimya kwa jua, nilimkuta kavaa gauni alilovaa harusini kwa Edita, kafungua mlango, kakaa mbele yake.

"Bado kidogo," akaniambia. "Anamalizia."

Nilifunga mlango, nikaenda kulia jikoni.

Baba, najua humtakii mabaya. Labda hujui hata kwamba anakufuata. Lakini anakufuata. Kila ukisogea hatua moja ndani, yeye anatoka moja. Mimi nimekuzika wewe mwezi wa tatu huu, siwezi kumzika na yeye.

Kesho nampelekea Mzee Magesa kanda. Anaogopa, ila amekubali. Mpiga tarumbeta wa pale kanisani atakufuatilia kandani hadi umalize, ajifunze kipande chako chote, kisha watarekodi wimbo mzima, bila kukata. Watu watasikia unavyomaliza. Hilo nakuahidi. Baadaye kanda yenyewe nitaifukia kaburini kwako. Mama atanikasirikia, acha anikasirikie.

Ninapoandika hivi, betri za redio ziko mfukoni mwangu. Mama anaanika dagaa uani, anapiga mluzi. Ni kipande chako, Baba, lakini amekwenda mbele. Amefika mahali ambapo kanda bado haijafika.

Kwaheri, mzee wangu. Ulipiga vizuri. Ukimaliza, nenda, usimwite. Mimi nitakaa naye mezani kila siku, sitainuka mpaka sahani yake iwe tupu.

Binti yako,
Vero