Uso Hupakwa Mwisho

Ngome ya Montrevers, siku ya Mtakatifu Yohane, 1412

Dada Ameline,

Shikamoo. Mimi mzima, ila tumbo, unalijua. Na yale macho yako, bado yanatoka machozi ukikaa sana na dhahabu ya picha zako? Nimekutumia chungu cha haradali kwa mchukuzi huyu huyu. Ukikuta kimepungua, muulize yeye.

Dada, nimemaliza! Kile kitabu cha Warumi wa kale, vita vya ndugu wawili waliogombea mji mmoja, juzuu yake ya kwanza yote imetoka kwenye Kilatini ikaingia kwenye Kifaransa. Miezi kumi na minne! Bwana wa Montrevers atakabidhiwa siku ya zawadi za mwaka mpya, mbele ya watu wote. Mnakili ameacha nafasi ishirini na nne za picha, nami sikumfikiria mtu mwingine ila wewe. Duka la marehemu baba la kupambia vitabu ulilirithi wewe, na mkono wake pia.

Kwenye kila nafasi nimekuandikia pambizoni cha kuchora. Ukimaliza, kwangua maandishi yangu kama kawaida. Picha ya kwanza ndiyo kubwa: mimi nimepiga magoti, namkabidhi Bwana kitabu. Tafadhali, usinichore mnene.

Mdogo wako,
Gervais

Paris, siku ya Mtakatifu Laurenti, 1412

Gervais mdogo wangu,

Marahaba. Salamu nimezipata, na haradali pia, nusu chungu. Mimi mzima. Macho yanatoka machozi, lakini safari hii si ya dhahabu.

Nitakwambia ukweli kwa kuwa tumetoka tumbo moja. Niliposoma kwamba wewe ndiye wa kupiga magoti ukurasa wa kwanza, roho iliniuma mpaka nikaweka brashi chini. Nani alikufundisha herufi? Ulikuwa na miaka minne, unalia ovyo, nikakuandikia A kwa buluu kwenye kipande cha ngozi ya kuandikia iliyoharibika. Mimi nilijua kusoma kabla yako. Kisha baba akakuosha uso akakupeleka shule ya mapadri, mimi akaniachia jiwe la kusagia rangi. Leo nikuchore, nikubandike dhahabu, nikusugue kwa kifaa chetu cha jino la mbwa mpaka ung'ae!

Nitaichora. Lakini nataka kitu kimoja. Mwishoni, panapoandikwa kwamba Gervais ndiye aliyetafsiri, mnakili aongeze kwamba Ameline dada yake ndiye aliyepamba. Mstari mmoja tu. Hutapungukiwa na kitu.

Dada yako,
Ameline

Ngome ya Montrevers, siku tatu baada ya Sikukuu ya Wafalme, 1413

Ameline,

Nakusalimu. Sijambo.

Kitabu kimekabidhiwa. Nilipiga magoti vilevile ulivyonichora. Bwana akafungua, akaitazama picha ya kwanza, akainama karibu zaidi, akasoma kwa sauti maandishi yangu ya pambizoni: "Hapa ni mimi. Tafadhali, usinichore mnene." Ukumbi wote ulilipuka kwa kicheko. Mke wa Bwana alicheka hadi akashikwa na kwikwi. Sasa hata wapishi wananiita Mwembamba. Pambizo ishirini na tatu umezikwangua safi, hiyo moja ndiyo ikabaki? Ulisahau, au ulikusudia?

Na uchungu mwingine ni huu. Alizitazama picha zote ishirini na nne, nyingine akazirudia. Katika maneno yangu yote aliyoyasoma ni hayo ya pambizoni. Nimesimama pale natabasamu, nakuonea wivu kama mtoto aliyenyimwa tonge.

Kuhusu jina lako, ukurasa wa mwisho ulikuwa umejaa. Habari za mchoraji hazikuulizwa. Juzuu ya pili itakufikia Pasaka.

Gervais

Paris, siku ya Mtakatifu Mikaeli, 1413

Gervais,

Hujambo? Usishtuke marehemu akikuulizia afya.

Mzee Hennequin, mtunza vitabu wa Bwana wako, alipita Paris kutafuta ngozi za kuandikia. Akaingia dukani, akaona picha niliyoianika dirishani, akabaki mdomo wazi. "Mama, aliyechora hivi si alishakufa?" Nikamwambia, aliyechora hivi amekaanga mayai leo asubuhi. Akakaa chini akanieleza yote. Kwamba Bwana aliuliza mara tatu ni kazi ya nani, amwite akae ngomeni, ampe chumba chenye madirisha makubwa. Na wewe ukajibu: "Ni mzee mmoja wa Paris, Bwana wangu. Ameshafariki."

Madirisha, Gervais! Na unajua duka hili lilivyo giza, unajua macho yangu yalivyo. Umenizika kwa mdomo niliouanzishia kusoma mimi.

Eti ukurasa wa mwisho ulijaa! Nusu yake ilikuwa nyeupe. Si ndimi niliyechora ua pale kwenye kona?

Nami sitajifanya malaika. Uliuliza, nakujibu: ile pambizo sikuisahau. Nilikishika kisu, nikakirudisha mahali pake. Nilitaka wakucheke kidogo.

Hennequin nimemwomba anyamaze, amekubali kwa shingo upande. Nataka Bwana ayasikie kwako.

Ameline

Ngome ya Montrevers, siku ya Mtakatifu Martino, 1413

Dada yangu,

Shikamoo. Najua mara ya mwisho sikukuamkia.

Sina pa kujificha. Bwana alipouliza mara ya kwanza nilijifanya sijasikia. Mara ya pili nilikohoa. Mara ya tatu jina lako lilikuwa hapa kooni, nikalimeza. Niliona wazi kwamba ukija wewe, mimi hakuna atakayenitazama tena. Tangu utotoni ukichora ndege mchangani watu wanasimama. Mimi nikisoma wanapiga miayo. Ni wivu, Ameline, sina jina jingine la kuupa.

Lakini juzuu ya pili iko kwako tangu Pasaka, na siku ya zawadi hiyo inakaribia. Nikienda mikono mitupu, hapa sina kazi tena. Nakuomba umpe Hennequin, anakuja Paris wiki hii.

Mdogo wako,
Gervais

Paris, siku ya Mtakatifu Nikolao, 1413

Mdogo wangu,

Marahaba. Afya yangu ni kama ulivyomwambia Bwana.

Kitabu anakuja nacho Hennequin. Kwenye ukurasa wa kwanza umepiga magoti tena, joho la buluu, kofia nzuri, na tumbo nimekupunguzia. Ila uso sikuupaka. Kazi ya baba unaijua: dhahabu kwanza, nguo baadaye, uso hupakwa mwisho. Nilipofika huko mwisho nikakumbuka kwamba nimekufa, na marehemu hapaki uso.

Bwana atauliza mbona mtu huyu ana kofia na shingo, katikati hamna kitu. Atauliza mbele ya watu wote. Safari hii usingoje mara ya tatu.

Ukipenda, mtafute mchoraji mwingine akupake. Atakuharibu.

Dada yako,
Ameline

Ngome ya Montrevers, siku ya pili ya mwaka mpya, 1414

Dada,

Shikamoo. Aliuliza.

Nilijibu hapo hapo, magoti yakiwa bado chini: "Aliyechora ni dada yangu Ameline. Yu hai, Bwana wangu. Nilidanganya kwa wivu." Bwana akanitazama mimi, akatazama ile shingo isiyo na uso, akasema, "Basi aje akumalizie." Chumba ni kile kile chenye madirisha.

Kisha akasema juzuu ya tatu anaitaka ya picha tupu, maneno yanamchosha. Alisema hivyo huku mkono wake uko begani kwangu, kama ananipongeza. Nimenuna tangu jana na chakula hakipiti. Hata hivyo njoo. Farasi watafika mlangoni kwako kabla ya Sikukuu ya Mishumaa, mwezi ujao.

Leo asubuhi nimeomba juzuu ya kwanza, nikafungua mwisho, kwenye ile nusu nyeupe. Sikumwita mnakili. Nimeliandika jina lako mwenyewe, kando ya ua lako, na ile A ya mwanzo nimeiweka kwa buluu. Imepinda. Ukifika, usiikwangue.

Mdogo wako,
Gervais