Kilio Kisichovuka Bonde

Skola mwanangu,

Bahasha sijaifunga. Wakubwa zako wa hiyo taasisi ya ukimya wakitaka kuisoma, wasome, maana mengine ni yao. Kwanza niambie, unakula? Bado wanakuingiza kwenye kile chumba cha kuta nene, ulichosema mtu akikaa humo anasikia damu yake ikitembea? Mimi damu yangu sitaki kuisikia. Toka humo.

Nakukumbuka ulivyokuwa mdogo, sisi tunalima ngoro, yale mashimo yetu ya mlimani, upande wa pili, wewe tumekuacha na chungu jikoni. Ulikuwa unasimama nje unaliita bonde zima, "Mama weee! Maharage yameivaaa!" Mpaka watu wa kilima cha tatu wanajua leo kwetu kuna maharage. Baba yako alikuwa anaacha jembe anacheka: "Huyu akikua atakuwa redio." Nilikuwa naona aibu kidogo, lakini nikikusikia moyo unatulia.

Halafu wakaja hao wakubwa zako wa ukimya. Ushirika ulikuwa umelegea, wanunuzi wa kahawa wanakuja kila mmoja na gari lake, tukazoea kwamba mgeni akija anakaribishwa tu. Eti wanatafuta mahali pasipo na sauti kabisa, wausome ukimya. Nani kawaambia kwetu hakuna sauti? Wakataka mashine za kumenyea kahawa zinyamaze asubuhi. Tukakubali. Wewe ndiye ulikuwa unawatafsiria, umevaa viatu visivyolia, na sisi tunajivuna.

Siku ya kumzika baba yako siwezi kuisahau. Mwili ulifika kutoka hospitali kwa gari lao, nashukuru kwa hilo, sina zaidi. Nimefungua mdomo nimlilie mume wangu, wewe ukanishika bega ukaninong'oneza: "Mama, wanaomba watu walie polepole mpaka jioni. Wana vipimo vya ukimya." Vipimo! Na mwenyekiti wa kijiji akaitikia kwa kichwa, kwa sababu ya gari. Watu wakalia ndani ya kanga kama wanaokohoa.

Unajua kwetu msiba hatutumi mtu kupeleka habari. Tunalia, kilima cha pili wanasikia, wanapokea, wanapeleka mbele, na kila mwenye ndugu anashuka. Shangazi yako alikuwa ng'ambo ya bonde anapalilia. Alituona tumejaa uani, akadhani ni mkutano wa wanunuzi wa kahawa. Alipofika, udongo umeshasawazishwa. Ulimsikia mwenyewe: "Mmemzika kaka yangu kama watu wanaoficha mbuzi wa wizi!" Akageuka hapohapo, hata maji hakunywa. Wewe ukatazama chini. Hata shikamoo hukumpa.

Tangu hapo tukikutana njiani ananipita kama gari. Na matanga hatuwezi kuyaondoa bila dada wa marehemu, hilo unalijua. Nilimtuma katekista kwake. Akajibu, "Mwambie wifi, mtoto aliyewafumba midomo ndiye aje kuifumbua." Nilikasirika sana. Baadaye nikaona ana haki.

Hao wakubwa zako nawachukia, Skola, sitaficha. Mtu anayesikia mwenzake amefiwa, akawaza vipimo vyake, ana roho gani? Na wewe nilikuchukia siku mbili tatu, nikashindwa, nikaanza kuwaza kama una blanketi la kutosha na baridi hii.

Matanga ni Jumamosi baada ya misa. Uje. Usiingie nyumbani kwanza. Simama pale ukingoni panapotazamana na kwa shangazi yako, umlilie baba yako kwa sauti yako yote mpaka shangazi ashuke. Wakikuachisha kazi, mibuni ipo, jembe lipo. Lakini ukija na ule mnong'ono wako, heri ubaki huko huko na kuta zako.

Mimi mama yako,
niliyekuzaa ukipiga kelele.